Makaburi ya chini ya ardhi: jinsi Wakristo wa kwanza walivyowalaza wafu wao



Katika mafundisho yetu mara nyingi mwamini mmoja huuliza: "Mchungaji, ni kweli Wakristo wa kwanza walikuwa wanaishi mashimoni huko Roma?" Wengi wamesikia hivyo katika mahubiri, wengine wameona katika filamu: waamini wamejificha chini ya ardhi, askari wanapita juu, na nyimbo zinaimbwa kwa sauti ndogo. Habari hiyo inagusa moyo, lakini kwa sehemu kubwa si kweli. Ukweli wenyewe una faida kubwa zaidi kwetu. Mashimo yale yalikuwa makaburi. Yalichimbwa ili kila mwamini, tajiri na maskini, apate mahali pa kulala akingoja ufufuo.

Katika makala hii tunaeleza makaburi hayo ni nini, yalichimbwaje, na ni nani waliozikwa humo. Mwishoni tutauliza yanatuambia nini sisi wa mashariki ya Kongo, ambao katika miaka hii tumezika wengi, na wengine hatukupata hata nafasi ya kuwazika.

Jina lake

Makaburi hayo yanaitwa katakombu. Jina hilo lilikuwa kwanza la mahali pamoja tu, kando ya barabara ya Appia nje ya Roma, ambapo ardhi ilikuwa na mabonde na mashimo. Baadaye watu wakaliita kwa jina hilo kila kaburi la namna ile.

Wakristo wenyewe walikuwa na neno lingine. Waliyaita makaburi yao kwa neno la Kigiriki, koimeterion, maana yake mahali pa kulala usingizi. Kutoka neno hilo Wafaransa walipata cimetière, neno tunalolisikia kila siku katika miji yetu. Kumbe kila tunaposema tunakwenda cimetière, tunatamka ungamo la imani bila kujua: tunakwenda mahali walipolala watu watakaoamshwa. Ndivyo Bwana Yesu alivyosema juu ya Lazaro (Yohana 11:11), na ndivyo Paulo alivyowafundisha Wathesalonike ili wasihuzunike kama watu wasio na tumaini (1 Wathesalonike 4:13-14).

Kwa nini chini ya ardhi?

Sababu ya kwanza ni sheria. Tangu zamani sana, katika sheria zilizoitwa Mbao Kumi na Mbili, karibu mwaka 450 kabla ya Kristo, Waroma walikatazwa kuzika au kuchoma maiti ndani ya mji. Ndiyo maana makaburi yote ya zamani yako kando ya barabara zinazotoka Roma: Appia, Salaria, Ardeatina, Nomentana na nyingine.

Sababu ya pili ni desturi. Wakati wa mitume, Waroma wengi walikuwa wakichoma maiti na kuweka majivu katika chungu kidogo. Wayahudi hawakufanya hivyo, waliuzika mwili. Wakristo walifuata njia hiyo hiyo, kwa maana Bwana wetu alizikwa kaburini, naye akafufuka kwa mwili. Wayahudi wa Roma nao walikuwa na katakombu zao, na baadhi bado zipo hadi leo. Hivyo Wakristo hawakubuni jambo geni. Walifanya yaliyokuwa yakifanywa, lakini kwa ukubwa usiokuwa umeonekana bado.

Sababu ya tatu ni mahali. Mwili unahitaji nafasi kubwa kuliko chungu cha majivu, na ardhi karibu na Roma ilikuwa na bei kali. Mwenye shamba dogo akichimba kwenda chini anaweza kuzika watu wengi bila kununua shamba lingine. Chini ya Roma kuna mwamba unaoitwa tufu, uliotokana na majivu ya volkano za kale. Ndugu zetu wa Goma wanajua jiwe la volkano lilivyo gumu, jinsi linavyovunja jembe na kufanya kazi ya kuchimba kaburi iwe mateso. Tufu si kama jiwe lile. Ni laini, linachimbwa kwa sululu bila shida, na likikaa katika hewa linakuwa gumu zaidi na kushika vizuri.

Ndani kulivyo

Katakombu za kwanza za Wakristo zilianza mwishoni mwa karne ya 2 na mwanzoni mwa karne ya 3. Karibu na Roma zinajulikana zaidi ya 40. Ile ya Kalisto, katika barabara ya Appia, ina njia za chini za karibu kilomita 20, katika ghorofa nne, na sehemu nyingine zinashuka zaidi ya meta 20. Ile ya Domitila ina karibu kilomita 17. Ile ya Prisila, katika barabara ya Salaria, ina karibu kilomita 13.

Njia zenyewe ni nyembamba. Kuta zake za pande zote mbili zimechimbwa vishimo virefu, kimoja juu ya kingine, kama vitanda vya kupangana. Maiti ilifungwa katika sanda, ikawekwa humo bila sanduku, kisha mlango ukafungwa kwa vigae au bamba la marumaru na kuzibwa kwa chokaa. Vishimo vingi ni vifupi sana. Hivyo ni vya watoto. Katika dunia ile watoto walikufa wengi, na kanisa halikuwatupa, liliwapa mahali pao kati ya watakatifu.

Familia zenye uwezo zilikuwa na vyumba vidogo vyenye michoro, na makaburi yenye upinde juu yake. Lakini sehemu kubwa ya katakombu ni vile vishimo vya kawaida vya watu wa kawaida. Na juu ya maandishi ya makaburi kuna jambo ambalo wachunguzi wamelitambua: Wakristo waliandika mara chache sana kama marehemu alikuwa mtumwa au mtu huru, ingawa katika Roma ile hilo lilikuwa jambo la kwanza kutajwa.

Makaburi mengine hayana hata jina. Labda jamaa hawakujua kuandika, labda hawakuwa na fedha za kumlipa mchonga maandishi. Walifanya nini? Kabla chokaa haijakauka, walibandika ndani yake kitu kidogo: sarafu, kombe, kipande cha kioo chenye dhahabu, mwanasesere wa mtoto. Kwa alama hiyo, mama akirudi na taa yake katika giza lile, aliweza kutambua: mtoto wangu yuko hapa. Mpaka leo vitu vingine bado viko ukutani, mahali vilipobandikwa.

Wachimbaji na kasha la maskini

Kazi hii yote ilifanywa na watu walioitwa fossores, yaani wachimbaji. Walifanya kazi kwa taa ndogo za mafuta, wakibeba udongo kwa vikapu. Mmoja wao, Diogene, alichorwa katika katakombu ya Domitila akiwa na vyombo vyake vya kazi. Katika makanisa mengine wachimbaji walihesabiwa pamoja na watumishi wa kanisa.

Ni nani aliyelipa? Hapa tunafika kwenye moyo wa habari. Karibu mwaka 197 Tertuliano wa Karthago, Mwafrika mwenzetu, aliwaeleza wapagani jinsi Wakristo walivyotumia sadaka zao. Kila mtu alitoa kidogo, mara moja kwa mwezi, kwa hiari, na fedha hizo hazikuliwa katika karamu. Zililisha maskini na kuwazika. Katika kitabu cha zamani cha utaratibu wa kanisa kiitwacho Mapokeo ya Mitume tunasoma kwamba watu wasitozwe fedha nyingi kwa kuzika katika makaburi, kwa kuwa ni mali ya maskini wote. Alipwe tu mchimbaji ujira wake na bei ya vigae.

Katika Roma, mwanzoni mwa karne ya 3, Askofu Zefirino alimweka shemasi wake Kalisto juu ya makaburi ya kanisa. Kalisto huyo alikuwa amewahi kuwa mtumwa, na alihukumiwa kufanya kazi katika machimbo ya madini ya Sardinia. Mtu aliyejua maisha ya chini ya machimbo ndiye aliyepewa ulinzi wa wafu wa kanisa. Baadaye, mwaka 217, yeye mwenyewe akawa askofu wa Roma.

Wapagani waliona. Kaisari Juliano, aliyetawala kutoka 361 hadi 363 na kujaribu kurudisha ibada za miungu ya kale, aliandika kwa uchungu kwamba imani ya Wakristo imeenea kwa sababu ya ukarimu wao kwa wageni na uangalifu wao kwa makaburi ya wafu. Huo ni ushuhuda wa adui. Hakusema Wakristo wameshinda kwa maneno matamu. Alisema wanazika watu vizuri.

Michoro na maandishi

Ukutaka kujua watu wanaamini nini, tazama wanachoandika juu ya kaburi. Katika katakombu maneno yanayorudi mara nyingi ni mafupi: "katika amani". Pana alama ya nanga, maana yake tumaini (Waebrania 6:19). Pana njiwa. Pana samaki, kwa sababu herufi za neno samaki katika Kigiriki, moja moja, zinaanzisha maneno Yesu, Kristo, wa Mungu, Mwana, Mwokozi.

Michoro nayo imetoka katika Maandiko: Yona anatupwa baharini, anamezwa na kutapikwa, Danieli kati ya simba, vijana watatu katika tanuru ya moto, Nuhu katika safina, Lazaro anatoka kaburini. Hizi zote ni habari za watu ambao Mungu aliwaokoa pale ambapo hapakuwa na mtu mwingine wa kuwaokoa. Na juu ya yote, mara kwa mara, anaonekana Mchungaji Mwema amebeba kondoo mabegani. Msalaba wenyewe hauonekani sana katika michoro ya kwanza, na Yesu akiteswa haonekani. Watu waliokuwa wanateswa hawakuchora mateso. Walichora wokovu.

Je, palikuwa maficho?

Turudi kwenye swali la mwanzo. Serikali ya Roma ilijua makaburi hayo yaliko, kwa hiyo hayakuwa siri. Njia zake ni nyembamba, hewa ni nzito, na jamaa nzima haiwezi kuishi humo. Ibada za kila juma zilifanyika nyumbani mwa waamini, kama tunavyosoma juu ya kanisa la nyumbani mwa Prisila na Akila (Warumi 16:3-5). Katika katakombu watu walikuja kuzika, kukumbuka wafu wao, na kusali katika siku za ukumbusho wa wafia imani.

Hata hivyo mateso yalifika hata huko. Mwaka 257 Kaisari Valeriani aliwakataza Wakristo kukusanyika na kuingia katika makaburi yao. Tarehe 6 Agosti 258 Askofu Sisto wa Pili aliuawa kaburini pamoja na mashemasi wanne. Habari hiyo ilimfikia Sipriano, askofu wa Karthago, naye akawaandikia wenzake wajiandae. Wiki chache baadaye, tarehe 14 Septemba, yeye pia alikatwa kichwa. Baada ya Valeriani, mwana wake Galieno aliwarudishia maaskofu makaburi yao.

Katika katakombu ya Kalisto kuna chumba walimozikwa maaskofu kadhaa wa Roma wa karne ya 3. Mmoja ni Pontiani. Mwaka 235 alihamishwa kwa nguvu hadi Sardinia, akafa huko. Askofu Fabiani hakukubali abaki ugenini, akaleta mwili wake nyumbani. Baadaye, mwaka 250, Fabiani pia aliuawa kwa ajili ya imani.

Urithi wa Waafrika

Tusidhani habari hii ni ya Roma tu. Katika mji wa Sousse, Tunisia, ulioitwa zamani Hadrumeto, kuna katakombu za Wakristo wa Afrika, na moja inaitwa ya Mchungaji Mwema kwa sababu ya mchoro uliopatikana humo.

Tena kuna Waafrika waliozikwa mbali na kwao. Mwaka 439 Wavandali waliteka Karthago. Askofu wa mji, Quodvultdeus, ambaye jina lake maana yake "apendavyo Mungu", alifukuzwa pamoja na watumishi wengi. Walipakiwa katika vyombo vibovu vya bahari, lakini kwa neema ya Mungu wakafika Napoli, Italia. Alifia huko ukimbizini. Katika katakombu ya Jenaro katika Napoli kuna picha ya mozaiki ya mzee mwenye uso mweusi, na wachunguzi wanaitambua kuwa yake. Kanisa la Napoli lilimpa mkimbizi huyo wa Afrika nafasi kati ya maaskofu wake.

Kusahaulika na kugunduliwa

Baada ya mwaka 313, kanisa lilipopata uhuru, katakombu ziliendelea kutumika. Askofu Damaso (366-384) alipamba makaburi ya wafia imani kwa mashairi yaliyochongwa katika marumaru. Mtakatifu Yeronimo anaeleza jinsi alivyokuwa kijana mwanafunzi Roma, akashuka humo siku za Jumapili pamoja na wenzake, katika giza lililomkumbusha maneno ya Zaburi juu ya watu wanaoshuka kuzimu wakiwa hai.

Mwanzoni mwa karne ya 5 watu waliacha kuzika humo. Vita viliharibu mengi, na katika karne ya 8 na ya 9 maaskofu wa Roma walihamishia mifupa ya wafia imani katika makanisa ya mjini. Milango ikafunikwa na udongo. Mwaka 1578 wafanyakazi kando ya barabara ya Salaria walifungua moja bila kukusudia, na watu wakashangaa. Antonio Bosio (1575-1629) alitumia maisha yake kuzitafuta; siku moja alipotea humo karibu asitoke. Katika karne ya 19 Giovanni Battista de Rossi alizichunguza kwa utaratibu, na mwaka 1854 akapata kile chumba cha maaskofu.

Sisi Waprotestanti tuseme nini?

Wengine kati yetu wanasema, "Hayo ni mambo ya Wakatoliki." Hapana. Watu hawa waliishi zaidi ya miaka elfu kabla ya Matengenezo. Ni wazazi wetu wote katika imani.

Lakini tuseme ukweli wote. Katika katakombu ya Sebastiano kuna maandishi ya karne ya 3 yaliyokwaruzwa ukutani, ambamo waamini wanawaita Petro na Paulo wawaombee. Tena, baada ya ugunduzi wa 1578, mifupa mingi ilichukuliwa na kupelekwa nchi mbalimbali za Ulaya kama mifupa ya wafia imani, bila uhakika. John Calvin alikuwa amekwisha kukemea biashara ya namna hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1543. Sisi tunashika kwamba mpatanishi ni mmoja, Kristo Yesu (1 Timotheo 2:5).

Swali la matanga nalo si jipya. Wakristo wengi wa kale walipeleka chakula na divai makaburini. Monika, mama wa Agostino, alifanya hivyo Afrika. Alipofika Milano akazuiwa mlangoni, kwa sababu Askofu Ambrosio alikuwa amekataza. Akatii bila kunung'unika, na alichokuwa akipeleka kaburini akawapa maskini. Baadaye Agostino aliandika kitabu kizima juu ya kuwatunza wafu. Anafundisha kwamba mazishi ni faraja kwa walio hai kuliko msaada kwa wafu, na kwamba mwamini aliyekosa kaburi hapotezi kitu mbele ya Mungu. Papo hapo anasema tusiudharau mwili, kwa kuwa ulikuwa chombo cha Roho Mtakatifu.

Kwa makutaniko yetu

Maneno hayo mawili ya Agostino tunayahitaji pamoja. Kati yetu kuna waliozika mtoto njiani wakikimbia vita, bila msalaba wala jina. Kuna waliosikia kwamba ndugu yao amewekwa katika shimo la watu wengi. Kuna ambao wakati wa Ebola, kutoka 2018 hadi 2020, hawakuruhusiwa kumwosha mama yao wala kumgusa. Kwao tunasema: Mungu aliyemtoa Yona katika tumbo la samaki anajua mahali alipolala mtu wenu. Hajapotea.

Lakini pale ambapo tunaweza kuzika, kanisa lisikwepe kazi yake. Tunaona mazishi yanayomaliza shamba la mjane kwa sababu ya sanduku la bei, mavazi ya kufanana na chakula cha matanga, wakati katika shirika hilo hilo mkimbizi anazikwa na watu watatu. Wakristo wa kwanza walifanya kinyume. Basi tunashauri mambo matatu.

Kwanza, kila shirika liwe na kasha la mazishi, hata likiwa dogo, ambalo kila mtu analichangia kila mwezi, na linamsaidia pia mgeni asiye na jamaa. Pili, wazee waweke daftari la wafu: jina, tarehe, na mahali alipozikwa. Waandike pia majina ya waliokufa mbali na wale wasio na kaburi, maana daftari ni ule ukuta wenye alama katika chokaa. Tatu, mchungaji asimpime marehemu kwa sadaka yake. Amzike maskini kwa wimbo na Neno lile lile analomzikia tajiri.

Walioshuka katika mashimo yale ya Roma na taa zao ndogo walikuwa maskini wengi, na walitawaliwa na watu wasiowapenda. Hata hivyo mpaka leo makaburi yao yanahubiri. Bwana atusaidie, ili watakaokuja baada yetu wakiuliza tuliwafanyia nini wafu wetu wakati wa vita, waone kwamba tuliwalaza kwa heshima, tukiamini ya kwamba wataamka.